Siku umma wa Athens ulipoikanyaga sheria yake

Na Mwandishi Wetu

MWAKA 406 Kabla ya Kristo (KK), raia wa Athens, Ugiriki, walikusanyika katika mkutano wao mkuu na kuwahukumu kifo, kwa kura moja, majenerali wanane waliokuwa wametoka kushinda vita vya baharini dhidi ya Sparta.

Wawili kati yao hawakuwa wamerejea nyumbani. Sita waliokuwapo waliuawa, akiwamo Pericles mdogo, mtoto wa Pericles aliyekuwa kiongozi mashuhuri kuliko wote katika historia ya mji huo.

Haukupita muda mrefu, raia wale wale wakajuta. Swali lililobaki likawa zito kuliko kesi yenyewe: je, wengi wana mamlaka ya kufanya lolote wanalotaka?

Ugiriki ya kale hutajwa kila mara kuwa chimbuko la demokrasia, na neno lenyewe ni la Kigiriki, likiwa na maana ya utawala wa umma. Ni nadra kuelezwa kwamba waasisi hao walihitaji karibu miaka 200 kujifunza uhusiano wa umma na sheria, na kwamba somo hilo liligharimu maisha ya watu.

Sheria zaandikwa

Hapo awali sheria za Athens hazikuandikwa. Zilihifadhiwa vichwani mwa koo chache za kitajiri, ambazo ndizo zilizotoa watawala na mahakimu. Mkulima aliyedhulumiwa hakuwa na pa kusoma haki yake.

Draco ndiye anayetajwa kuziandika kwa mara ya kwanza, takriban mwaka 621 KK. Sheria zake zilisifika kwa ukali, lakini zilikuwa za wazi. Sheria yake ya mauaji ilitofautisha anayeua kwa kukusudia na anayeua bila kukusudia. Ilichongwa upya juu ya jiwe mwaka 409 KK, na sehemu ya jiwe hilo ipo hadi leo.

Mwaka 594 KK, Solon alipewa jukumu la kuupatanisha mji uliokaribia kugawanyika kati ya matajiri na maskini. Wakati huo mtu aliyeshindwa kulipa deni aliweza kufanywa mtumwa. Solon alifuta madeni na kupiga marufuku mkopo ambao dhamana yake ni mwili wa mkopaji.

Aidha, alimruhusu raia yeyote kufungua mashtaka kwa niaba ya mtu aliyedhulumiwa, na kuweka haki ya kukata rufaa mbele ya raia wenzake. Kwa hatua hiyo, sheria ilianza kuwa mali ya watu wote.

Baada ya watawala wa kimabavu kufukuzwa mwaka 510 KK, Cleisthenes aliwagawa raia upya katika makabila 10. Kila kabila lilichanganya watu wa mjini, wa pwani na wa bara, ili ukoo au eneo moja lisiweze kutawala mengine. Kila kabila lilitoa wajumbe 50 wa Baraza la Mia Tano, lililoandaa ajenda za mkutano mkuu.

Uongozi kwa bahati nasibu

Mkutano mkuu ulifanyika juu ya kilima cha Pnyx. Katika karne ya nne KK ulikutana mara 40 kwa mwaka, na baadhi ya maamuzi yalihitaji idadi ya raia 6,000. Kila raia aliyehudhuria alikuwa na haki ya kusema na kupiga kura.

Majenerali walichaguliwa kwa kunyoosha mikono, lakini viongozi wengi walipatikana kwa bahati nasibu na kutumikia mwaka mmoja. Kiswahili kinaweza kulielewa jambo hili kwa urahisi, kwani neno kura, lenye asili ya Kiarabu, maana yake ya kwanza ni bahati nasibu.

Kabla ya kushika wadhifa, kiongozi alihojiwa kuhusu sifa zake. Alipomaliza muda wake alikaguliwa hesabu na mwenendo, na aliyebainika kula fedha za umma alifikishwa mahakamani.

Hata hivyo, umma huo haukuwa watu wote. Wanawake hawakupiga kura. Watumwa, waliokuwa wengi, hawakuwa na haki yoyote ya kisiasa. Wageni wakazi walilipa kodi na kupigana vitani, lakini walibaki nje. Kuanzia mwaka 451 KK, raia alipaswa kuwa mtoto wa baba na mama wote wa Athens.

Mahakama bila jaji

Kila mwaka raia 6,000 wenye umri wa kuanzia miaka 30 waliteuliwa kwa bahati nasibu na kula kiapo cha kuhukumu kwa kufuata sheria. Kutoka kundi hilo walipatikana waamuzi wa kila kesi, ambao idadi yao iliweza kuwa 201, 401 au 501.

Hapakuwa na jaji wa kuwaelekeza, wala mwendesha mashtaka wa serikali. Mlalamikaji na mshtakiwa walizungumza wenyewe, huku muda wao ukipimwa kwa maji yaliyotiririka kutoka katika chombo maalumu. Asiyejua kusema aliweza kumlipa mtu amwandikie hotuba. Mmoja wa waandishi hodari wa hotuba hizo, Lysias, alikuwa mgeni mkazi.

Waamuzi hawakujadiliana. Walisikiliza pande mbili, wakapiga kura ya siri, na uamuzi wao haukuwa na rufaa.

Ili kuzuia kesi za chuki, katika mashtaka ya umma mlalamikaji aliyekosa hata sehemu moja ya tano ya kura alitozwa faini ya drakma 1,000. Kiasi hicho kililingana na posho ya mwamuzi ya siku 2,000.

Pipa la unga na hasira ya umma

Pamoja na utaratibu huo wote, yaliyotokea mwaka 406 KK yalionyesha ufa mkubwa.

Vita vilipiganwa karibu na visiwa vya Arginusae, jirani na Lesbos. Athens ilishinda, lakini ilipoteza merikebu 25, kila moja ikiwa na uwezo wa kubeba watu wapatao 200. Majenerali walieleza kuwa dhoruba ndiyo iliyozuia kuwaokoa mabaharia walioachwa majini.

Kwa mujibu wa mwanahistoria Xenophon, aliyeishi wakati huo, mtu mmoja alisimama mkutanoni na kudai kuwa aliokoka kwa kushikilia pipa la unga. Alisema waliokuwa wakizama walimwagiza awaambie wananchi kwamba majenerali wamewatelekeza mashujaa wao. Watu waliovaa nguo za msiba nao walikuwa wamejaa mkutanoni.

Callixenus akaleta pendekezo kwamba wote wanane wahukumiwe pamoja kwa kura moja, bila kila mmoja kupewa nafasi kamili ya kujitetea. Euryptolemus, jamaa wa Pericles, alipinga na kutaka mtoa hoja ashtakiwe kwa kuleta pendekezo lililo kinyume cha sheria. Alitaka kila mshtakiwa asikilizwe peke yake.

Umati ulipiga kelele kwamba haivumiliki umma kuzuiwa kufanya unachotaka. Wapinzani wa hoja hiyo walitishiwa kuunganishwa na washtakiwa katika kura hiyo hiyo.

Wajumbe waliosimamia mkutano waliogopa wakakubali, isipokuwa mmoja. Huyo alikuwa mwanafalsafa Socrates, aliyesema hatafanya lolote lililo nje ya sheria.

Kura ya kwanza ilikubali majenerali wahukumiwe mmoja mmoja. Pingamizi likawekwa, kura ikarudiwa, na pendekezo la kuwahukumu kwa pamoja likapita.

Waswahili husema wengi wape. Siku hiyo wengi walipewa, na walichopata ni maiti za makamanda wao wenyewe wakati vita na Sparta vingali vikiendelea.

Azimio lawekwa chini ya sheria

Mwaka uliofuata merikebu za Athens ziliteketezwa, na mwaka 404 KK mji ukasalimu amri. Sparta ilisimika utawala wa watu 30, ambao inaelezwa waliua watu wapatao 1,500 katika muda wa miezi michache. Demokrasia ilirejeshwa mwaka 403 KK.

Badala ya kulipiza kisasi, raia waliapa kutokumbushana maovu yaliyopita. Msamaha huo haukuwahusu wale 30 wenyewe na washirika wao wachache wa karibu.

Kisha waligeukia sheria zao. Zilipitiwa, zikakusanywa na kuandikwa mahali pa wazi. Viongozi walikatazwa kutumia sheria isiyoandikwa. Iliamuliwa kwamba azimio la Baraza au la mkutano mkuu haliwezi kuwa na nguvu kuliko sheria.

Vilevile, ilipigwa marufuku kutunga sheria inayomlenga mtu mmoja, isipokuwa raia 6,000 wakiridhia kwa kura ya siri. Kazi ya kupitisha sheria mpya ilikabidhiwa jopo la raia walioapishwa, na aliyeleta azimio lililo kinyume cha sheria aliweza kushtakiwa mahakamani.

Kwa maneno mengine, umma uliamua kujifunga mikono wenyewe. Uliendelea kuamua kuhusu vita, amani na fedha, lakini kelele za siku moja hazikutosha tena kufuta sheria.

Utaratibu huo haukuondoa dhuluma zote. Mwaka 399 KK, Socrates mwenyewe alishtakiwa kwa kutoiheshimu miungu ya mji na kuwapotosha vijana. Mwanafunzi wake, Plato, anaeleza kuwa kama kura 30 tu zingegeuka, mzee huyo angeachiwa. Alihukumiwa kifo na mahakama iliyofuata taratibu zote.

Demokrasia hiyo iliendelea hadi mwaka 322 KK, ilipovunjwa na Macedonia, na haki ya kupiga kura ikabaki kwa wenye mali pekee.

Miaka 14 kabla ya hapo, mwaka 336 KK, raia wa Athens walikuwa wamepitisha sheria ya kumlinda mtu atakayemuua yeyote anayejaribu kuwa mtawala wa kimabavu. Jiwe lililoandikwa sheria hiyo lilifukuliwa mwaka 1952 katika eneo la soko kuu la kale. Juu yake imechongwa sura ya mwanamke, Demokrasia, akimvika taji mzee aliyeketi, ambaye ni umma. Maneno ya sheria yamechongwa chini yao.