Kengele za Cambridge juu ya meza

Kompyuta ya IBM ya mwaka 1981, ile iliyotupa jina la PC, haikujua leo ni siku gani. Kila ukiiwasha inakuuliza tarehe, ukiizima, imesahau. Saa yenye betri, inayotembea hata mashine ikiwa imelala, IBM waliiweka kwenye modeli ya AT mwaka 1984. Bila hiyo, programu zile ndogo zinazokaa kwenye skrini na kugonga kila robo saa, kama saa ya ukutani, zisingekuwa na maana yoyote.

Na mlio wa nyingi kati yake ni wa zamani kuliko umeme majumbani. Ulitungwa mwaka 1793 kwa kanisa la Great St Mary's, Cambridge. Ni noti nne tu zinazopangwa na kupanguliwa: milio 4 kwenye robo, 8 kwenye nusu, 12 kwenye kasorobo, 16 saa inapotimia, kisha kengele kubwa inahesabu. Bunge la London liliuchukua mwaka 1859, na tangu hapo watu wanauita Westminster. Cambridge wamedhulumiwa, lakini ndiyo hivyo.

Wimbo huu kumbe uliwafaa sana waandika programu. Unapigwa noti moja moja, na spika ndogo ya ndani ya PC haikuweza zaidi ya hapo. Ila kengele halisi haikatiki. Inafifia polepole huku nyingine ikianza. Spika ile ilitoa pii, pii, basi. Zilipokuja kadi za sauti, kama Sound Blaster ya 1989, kengele iliyorekodiwa ikawezekana. Hata kasoro zikaingia nayo: Big Ben ilipata ufa mwaka uleule wa 1859, ikageuzwa, ikapewa nyundo nyepesi, na ufa ungalipo. Anayetumia rekodi yake anausikia mezani kwake.

Sisi tunaosema Kiswahili tuna shida yetu. Asubuhi, saa moja kamili, programu inagonga mara 7. Sikio linahesabu saba, kichwa kinasema moja. Unaweza kuirudisha saa ya kompyuta nyuma kwa saa 6, na kengele zitakubaliana nawe vizuri tu, ila faili utakazohifadhi asubuhi hiyo zitaonekana ziliandikwa usiku wa manane.