Viti vya juu vya uongozi nchini China: Nani hasa mwenye kauli?

MWEZI Aprili mwaka 2006, Rais wa China wa wakati huo, Hu Jintao, alizuru Kenya na kupokewa na mwenyeji wake, Rais Mwai Kibaki. Miongoni mwa mikataba iliyotiwa saini wakati wa ziara hiyo ni ule ulioiruhusu kampuni ya CNOOC, inayomilikiwa na serikali ya China, kutafuta mafuta katika maeneo sita nchini Kenya. Miaka mitatu baadaye, Oktoba 2009, mitambo ya kampuni hiyo ilianza kuchimba kisima cha Boghal, upande wa Merti katika Isiolo.

Wakati huo huo kampuni nyingine kutoka China, iitwayo China Wu Yi, ilikuwa ikitengeneza barabara ya lami ya kilomita 136 kutoka mjini Isiolo hadi Merille, kwa fedha za Benki ya Maendeleo ya Afrika na serikali ya Kenya. Barabara ile, ambayo zamani ilikuwa ya vumbi na mashimo, ndiyo sehemu ya kwanza ya njia inayofika Moyale, mpakani mwa Ethiopia. Barabara ilikamilika na inatumika. Kisima nacho hakikuleta tija: mwaka 2010 ilibainika kwamba gesi iliyoonekana haikutosha kuchimbwa kwa biashara, na mitambo ikaondolewa.

Tangu siku hizo, jina la China si geni masikioni mwa mkazi wa Isiolo. Lakini je, anapokuja kiongozi wa nchi hiyo na kuahidi jambo, ahadi hiyo inatoka katika kiti gani? Nani anayeweza kuiamuru kampuni ya serikali ichimbe au ifungashe virago? Wengi wetu tutajibu kwamba ni Rais. Jibu hilo si sahihi, na kuelewa sababu yake ni kuielewa China yenyewe.

Kofia tatu, kichwa kimoja

Mtawala wa China wa leo, Xi Jinping, ana vyeo vikuu vitatu. Cha kwanza ni Katibu Mkuu wa Chama cha Kikomunisti cha China, alichokipata Novemba 2012. Cha pili ni Mwenyekiti wa Kamisheni Kuu ya Kijeshi, alichokabidhiwa siku hiyo hiyo. Cha tatu ni Rais wa Jamhuri, alichokipata Machi 2013. Katika magazeti ya kigeni hutajwa zaidi kwa cheo hicho cha tatu, ilhali kwa uzito ndicho chepesi kuliko vyote.

Katiba ya China inampa Rais kazi ambazo aghalabu ni za heshima: kutangaza sheria zilizopitishwa na Bunge, kupokea mabalozi, kuzuru nchi za nje kwa niaba ya taifa, na kumteua Waziri Mkuu baada ya Bunge kuafiki. Jeshi haliko mikononi mwa Rais. Hapa ndipo China inapotofautiana sana na Kenya, ambako Rais, kwa mujibu wa Katiba, ndiye Amiri Jeshi Mkuu. Nchini China jeshi ni la chama, na amri yake hutoka kwa Mwenyekiti wa Kamisheni Kuu ya Kijeshi.

Katibu Mkuu ndiye kiongozi wa chama chenye wanachama zaidi ya milioni 100. Chama hicho ndicho kinachopendekeza majina ya mawaziri, majenerali, majaji wakuu, magavana wa mikoa, na hata wakuu wa kampuni kubwa za serikali. Mfano upo karibu nasi. Fu Chengyu, aliyekuwa akiiongoza CNOOC wakati kisima cha Boghal kilipochimbwa, alihamishwa mwaka 2011 kwenda kuiongoza Sinopec, kampuni nyingine ya mafuta ya serikali. Uamuzi wa nani aongoze kampuni kama hizo hutoka katika chama.

Kwa hiyo Hu Jintao alipokuja Nairobi alikuja na kofia ya Rais, kwa sababu ndiyo inayotambuliwa na itifaki ya mataifa. Nguvu ya kauli yake, hata hivyo, ilitoka katika kofia nyingine mbili alizoziacha nyumbani.

Mwenyekiti Mao na kiti kilichofutwa

Chama cha Kikomunisti cha China kiliasisiwa mjini Shanghai mwaka 1921, na kiongozi wake wa kwanza alikuwa Chen Duxiu. Mao Zedong alishika uongozi wa juu wa chama mwaka 1943 akiwa na cheo cha Mwenyekiti, akabaki nacho hadi kifo chake tarehe 9 Septemba 1976. Tarehe 1 Oktoba 1949 alitangaza kuundwa kwa Jamhuri ya Watu wa China, na yeye mwenyewe akawa mkuu wa serikali kuu ya wakati huo.

Katiba ya mwaka 1954 iliunda kiti cha Mwenyekiti wa Jamhuri. Mao alikikalia hadi mwaka 1959, akampisha Liu Shaoqi lakini yeye akabaki na uenyekiti wa chama. Liu alidhani amepewa nchi. Kumbe alikuwa amepewa kiti tu. Mapinduzi ya Utamaduni yalipozuka mwaka 1966, aliandamwa, akadhalilishwa hadharani, akafukuzwa chamani na kuvuliwa vyeo vyote Oktoba 1968. Alifariki dunia akiwa kizuizini Novemba 1969. Katiba ya nchi, ambayo kwa maandishi ilimlinda, haikumsaidia kitu.

Baada yake kiti kilibaki bila mwenyewe, na Katiba ya mwaka 1975 ikakifuta kabisa. Kwa miaka kadhaa taifa lenye watu wengi kuliko yote duniani wakati huo liliishi bila mkuu wa nchi wa cheo hicho, na mambo yakaendelea. Hilo pekee latosha kuonyesha uzito wa kiti chenyewe.

Kiti kilirejeshwa na Katiba ya mwaka 1982, iliyotungwa kwa nia ya kuzuia mtu mmoja asijirundikie madaraka kama alivyofanya Mao. Neno la Kichina linalotumika ni lile lile la zamani, *zhuxi*, yaani mwenyekiti. Herufi yake ya pili maana yake ya asili ni mkeka. Kwa wageni serikali ya China ilichagua kulitafsiri kuwa Rais, ndiyo maana twasema Mwenyekiti Mao lakini Rais Xi, ingawa Wachina wenyewe huwaita wote wawili kwa neno moja. Mwaka huo huo chama kiliuondoa uenyekiti wake na kumfanya Katibu Mkuu kuwa kiongozi wa juu. Wa kwanza katika mfumo huo mpya alikuwa Hu Yaobang.

Deng, mkubwa asiyekuwa Rais

Msomaji angetarajia kwamba tangu hapo Katibu Mkuu ndiye aliyekuwa na kauli ya mwisho. Haikuwa hivyo. Katika miaka ya themanini mwenye kauli alikuwa Deng Xiaoping, mtu ambaye hakuwahi kuwa Rais, wala Waziri Mkuu, wala Katibu Mkuu wa chama katika kipindi hicho. Alichokishikilia ni uenyekiti wa Kamisheni ya Kijeshi, kuanzia 1981 hadi Novemba 1989.

Kwa kiti hicho, na kwa heshima aliyokuwa nayo mbele ya wazee wenzake, Deng aliweza kuwaondoa Makatibu Wakuu wawili. Hu Yaobang alilazimishwa kujiuzulu Januari 1987. Zhao Ziyang aliyemrithi aliondolewa Juni 1989, baada ya kupinga matumizi ya jeshi dhidi ya wanafunzi walioandamana katika uwanja wa Tiananmen. Zhao aliishi chini ya ulinzi nyumbani kwake hadi alipofariki mwaka 2005. Marais wa miaka hiyo, Li Xiannian na baadaye Yang Shangkun, hawakuwa ndio watawala.

Kwa wasomaji wa Afrika Mashariki jambo hili si la ajabu. Mwalimu Julius Nyerere alipong'atuka urais wa Tanzania mwaka 1985 na kumwachia Ali Hassan Mwinyi, alibaki Mwenyekiti wa CCM hadi mwaka 1990. Kwa miaka hiyo mitano kofia ya chama na ya serikali zilikuwa katika vichwa viwili, na kila mtu alijua uzito wa kila moja.

Baada ya misukosuko ya mwaka 1989, viongozi wa China waliamua kuziunganisha kofia. Jiang Zemin alipewa ukatibu mkuu Juni 1989, uenyekiti wa Kamisheni ya Kijeshi Novemba mwaka huo, na urais mwaka 1993. Tangu hapo ikawa desturi mtu mmoja kushika vyote vitatu. Hata hivyo Jiang alipostaafu ukatibu mkuu mwaka 2002, hakuliachia jeshi hadi Septemba 2004. Kwa karibu miaka miwili Hu Jintao alikuwa kiongozi wa chama bila kuwa mkuu wa jeshi.

Waziri Mkuu na Bunge

Kiti kingine kinachojulikana ni cha Waziri Mkuu, anayeongoza Baraza la Serikali, yaani mawaziri na shughuli za kila siku. Wa kwanza, Zhou Enlai, alikishika kuanzia 1949 hadi alipofariki Januari 1976. Waliofuata ni Hua Guofeng, Zhao Ziyang, Li Peng, Zhu Rongji, Wen Jiabao, Li Keqiang, na tangu Machi 2023, Li Qiang. Wakenya wanamkumbuka Li Keqiang kwa ziara yake ya Mei 2014, ambapo mkataba wa reli ya kisasa ya Mombasa hadi Nairobi ulitiwa saini. Kwa desturi Waziri Mkuu ndiye mshika uchumi, ingawa katika enzi ya Xi sehemu kubwa ya kazi hiyo imehamia katika kamati za chama.

Bunge la Umma lina wajumbe karibu 3,000 na hukutana kwa siku chache kila Machi. Kwa maandishi ndilo chombo kikuu cha dola. Kwa vitendo huidhinisha yaliyokwisha kuamuliwa. Uamuzi wenyewe hufanywa na Kamati ya Kudumu ya Politiburo ya chama, ambayo mwaka 2022 iliundwa na watu saba tu. Waziri Mkuu na Spika ni wajumbe wake. Makamu wa Rais, Han Zheng, aliyepata cheo hicho mwaka 2023, hakuwa tena mjumbe wa kamati hiyo. Kwa hiyo mtu aweza kuwa msaidizi wa Rais na asiwe na nafasi mezani penye maamuzi.

Hata mikoani gavana si wa kwanza

Katika Isiolo, tangu uchaguzi wa mwaka 2013, gavana huchaguliwa na wananchi, na kando yake yupo kamishna wa kaunti anayewakilisha serikali kuu. China nayo ina magavana wa mikoa, lakini hakuna aliye wa kwanza mkoani kwake. Juu yake yupo Katibu wa Chama wa mkoa. Hali ni hiyo hiyo mjini, wilayani na hata katika kampuni za umma.

Kampuni ya China Wu Yi, iliyotengeneza barabara ya Isiolo hadi Merille, asili yake ni mkoa wa Fujian. Gavana wa Fujian kuanzia mwaka 2000 hadi 2002 alikuwa Xi Jinping mwenyewe. Alikuwa wa pili mkoani. Alipanda kwa kupewa ukatibu wa chama katika mkoa wa Zhejiang mwaka 2002, kisha Shanghai mwaka 2007, na mwaka huo huo akaingia katika Kamati ya Kudumu. Ngazi aliyoipanda ilikuwa ya chama.

Ukomo uliondolewa

Katiba ya 1982 ilimwekea Rais vipindi viwili vya miaka mitano mitano. Ukatibu mkuu wa chama na uenyekiti wa jeshi havikuwekewa ukomo kama huo. Tarehe 11 Machi 2018 Bunge liliuondoa ukomo wa urais kwa kura 2,958 dhidi ya mbili, wajumbe watatu wakijizuia. Oktoba 2022 Xi alipata kipindi cha tatu cha ukatibu mkuu, na Machi 2023 cha tatu cha urais.

Wengi walishangaa kwa nini kelele zilikuwa nyingi juu ya kiti tulichosema ni chepesi. Sababu ni kwamba ukomo ule ndio uliokuwa kizuizi pekee kilichoandikwa katika sheria ya nchi. Maadamu kofia tatu zilikuwa katika kichwa kimoja, moja ikivuliwa nyingine mbili zilitarajiwa kufuata. Sasa hakuna tarehe inayojulikana ya kuzivua.

Hilo lina maana kwetu pia. Isiolo imewekwa katika ramani ya mradi wa LAPSSET, uliozinduliwa Lamu Machi 2012, kuwa njia panda ya barabara na reli za kwenda Ethiopia na Sudan Kusini, na gati tatu za kwanza za bandari ya Lamu zimejengwa na kampuni ya serikali ya China. Mkataba hutiwa saini na waziri, balozi au mkurugenzi wa benki. Wote hao wana vyeo vinavyosomeka vizuri katika karatasi. Lakini aliyeisoma historia ya Liu Shaoqi na ya Deng Xiaoping atauliza swali moja zaidi: huyu aliyetia saini, chamani anakaa wapi?