Dhamana ya lazima (Uganda)

Dhamana ya lazima ni haki ya mshtakiwa nchini Uganda kuachiwa kwa masharti akikaa mahabusu muda mrefu kabla ya kesi kusikilizwa. Ibara ya 23(6) ya Katiba ya 1995 inaweka ukomo wa siku 180 kwa makosa yanayosikilizwa na Mahakama Kuu pekee, kama mauaji na uhaini. Kabla ya marekebisho ya 2005 zilikuwa 360. Siku hizo zikitimia, jaji hapimi tena uzito wa kosa, hupanga masharti tu. Pengo lake ni kubwa: upande wa mashtaka ukiwahi kumpeleka mshtakiwa rasmi Mahakama Kuu, haki hiyo hukoma, hata kesi ikingoja miaka. Hapo hubaki dhamana ya kawaida, ambayo jaji anaweza kuikataa.