Nauru: taifa linalokumbuka siku ya kurudi



Katika mkutano mkuu uliopita swali moja lilirudi mara mbili: pesa ya sanduku letu tuigawanye, kila jamaa ichukue sehemu yake, ama ibaki pamoja? Hatukumaliza. Mbele ya kukutana tena, tumeona vizuri kuwaelezea habari za watu wengine waliotolewa kwao kwa nguvu, wakarudi, wakapata pesa nyingi sana, kisha ikawaponyoka. Nchi yao inaitwa Nauru.

Kama hamujasikia jina hilo, si ajabu. Nauru ni kisiwa kimoja tu katika bahari ya Pasifiki, kilometa za mraba 21. Mtu mwenye miguu mizuri anakizunguka chote na kufika nyumbani jua halijazama. Kati ya nchi huru za dunia, ni Vatikano na Monako tu zinazopitwa na Nauru kwa ukubwa. Wakaaji ni kama 12,000. Iko kusini kidogo ya Ikweta, mstari uleule unaopita kwetu Kongo, karibu na Butembo na Mbandaka. Hata bendera yao inaonyesha hivyo: ni ya buluu, mstari wa njano katikati ndio Ikweta, na chini yake nyota nyeupe yenye ncha 12, kwa ajili ya makabila 12 ya asili.

Watu wanaishi pembeni, kwenye ukanda mwembamba wa pwani penye minazi. Katikati ni mwinuko, na mali ilikuwa huko: fosfati, mawe yanayosagwa kuwa mbolea. Wajerumani walikitwaa kisiwa mwaka 1888 bila kujua wamekalia nini. Kumbe jiwe moja la Nauru lilikuwa katika ofisi ya kampuni moja huko Sydney, linazuia mlango usijifunge. Mwaka 1899 mfanyakazi mmoja, Albert Ellis, alilitilia shaka, akalipima: fosfati safi. Mwaka 1906 uchimbaji ukaanza. Baada ya vita ya kwanza ya dunia, Uingereza, Australia na Nyuzilandi zikapewa usimamizi wa kisiwa. Mbolea ikaenda kwenye mashamba yao kwa bei ya chini, wenye kisiwa wakapewa kidogo. Sisi wa nchi ya dhahabu na koltani, habari hiyo hatuhitaji kuelezwa mara mbili.

Wakati huo watu wenyewe walikuwa wanakwisha. Mwaka 1920 mafua makali yaliua wengi. Ikasemwa kwamba wasipofika 1,500 taifa lao litapotea. Basi wakaanza kuhesabu, mtoto kwa mtoto. Tarehe 26 Oktoba 1932 akazaliwa mtoto wa 1,500, msichana, na siku hiyo ikawa sikukuu mpaka leo. Wanaiita Angam. Neno hilo katika lugha yao lina maana ya kushinda taabu, na pia ya kufika nyumbani.

Furaha hiyo haikudumu. Agosti 1942 jeshi la Japani liliteka kisiwa. Wagonjwa wa ukoma 39 waliingizwa katika chombo kimoja, wakaambiwa wanahamishwa, kisha wakazamishwa baharini. Mwaka 1943 Wanauru 1,200 walipakizwa kwenye meli na kupelekwa Truk, visiwa vilivyo mbali zaidi ya kilometa 1,500, kufanya kazi ya nguvu. Njaa na magonjwa yakawaua huko. Vita ilipokwisha, waliobaki hai walikuwa 737. Tarehe 31 Januari 1946 meli iliwafikisha nyumbani.

Hawakukuta mambo tayari, na hesabu yao ilikuwa imeshuka tena chini ya 1,500. Wakaanza upya. Mwaka 1949 wakaifikia mara ya pili.

Halafu likaja jaribu lingine. Fosfati ilikuwa inaelekea kwisha, na mwinuko umebaki nguzo za mawe matupu, hapalimiki. Australia ikawatolea kisiwa kingine, Curtis, karibu na pwani yake, wahamie wote na kuwa raia wa Australia. Wengi wetu tulikaa kambini Tanzania na tunalijua swali hilo: kurudi, kubaki, ama kwenda nchi ya tatu. Mwaka 1964 Wanauru wakakataa. Hawakuchukia watu wa Australia, ila walitaka kubaki taifa. Mkubwa wao, Hammer DeRoburt, alikuwa mmoja wa waliopelekwa Truk. Walipopata uhuru mwaka 1968, DeRoburt akawa rais wa kwanza, na tarehe ya uhuru ikawekwa 31 Januari, siku ileile ya kurudi.

Sasa tuje kwenye pesa, juu ndiyo iliyotufanya tuandike. Walikubaliana kuinunua kazi ya fosfati kwa dola za Australia milioni 21, na mwaka 1970 ikawa mikononi mwao. Kwa miaka kadhaa Nauru ilihesabiwa kati ya nchi tajiri kabisa duniani, ukigawanya pato kwa kichwa. Matibabu bure, masomo bure. Na walikuwa na akili ya kuweka akiba: sehemu ya mapato iliingia katika mfuko wa pamoja, kwa ajili ya siku ambayo mawe yatakwisha. Walienda hata mahakamani The Hague mwaka 1989 kuishitaki Australia kwa ardhi iliyoharibiwa mbele ya uhuru, na mwaka 1993 Australia ikakubali kulipa milioni 107.

Shida haikuwa kukosa mfuko. Shida ilikuwa namna ya kuutunza. Pesa ilijenga gorofa 52 huko Melbourne, ikanunua hoteli katika nchi za mbali na ndege nyingi kuliko abiria wao. Mwaka 1993 ililipia hata mchezo wa kuigiza huko London ulioanguka upesi. Serikali ilipopungukiwa, ilikopa na kuweka mali ya mfuko kuwa rehani. Mwananchi wa kawaida hakuonyeshwa vitabu. Mwaka 2004 gorofa ile ikauzwa kulipa madeni. Mwaka 2005 wadai wakachukua ndege ya mwisho.

Kuna jambo lingine, na linatuuma sisi tuliokuwa wakimbizi. Tangu 2001, kwa vipindi, Nauru imepokea pesa ya Australia ili iwaweke kisiwani watu waliokuwa wanaomba hifadhi Australia kwa njia ya bahari. Wajukuu wa watu waliopelekwa kwa meli mahali wasipopachagua, leo wanaishi kwa pesa ya kuwashikilia wengine waliopelekwa vilevile. Hatusemi hivi kwa kuwahukumu. Sanduku tupu linamfanya mtu akubali kazi ambayo angeikataa.

Mwaka 2015 wameanzisha mfuko mpya pamoja na nchi rafiki. Unasimamiwa pamoja na hao waliochangia, na kwa miaka mingi hairuhusiwi kuutoa. Wamejifunza, lakini wamejifunza kwa gharama kubwa.

Sisi wa komite tunaona hivi. Pesa isigawanywe, maana sehemu ya kila jamaa itakwisha kwa wiki mbili. Lakini kusema “ibaki pamoja” hakutoshi, Nauru walibaki pamoja na ikapotea. Kwa hiyo tunaleta kwenye mkutano mapendekezo mawili: kitabu cha sanduku kisomwe kwa sauti mbele ya wote kila miezi mitatu, mapato na matumizi, na hakuna mkopo wowote utakaochukuliwa kwa rehani ya sanduku, hata komite wakisema ni lazima. Ninyi wafadhili, nakala itawafikia pia.

Na orodha ya wanamemba tunaifungua upya. Kila mtoto aliyezaliwa tangu tuliporudi aandikwe kwa jina lake. Wamama, mulete majina.