Hesabu ya Faida na Reli ya Uganda

Mali bila daftari hupotea bila habari. Methali hii hukaririwa dukani na shuleni, lakini ni wachache wajiulizao mambo gani yapasayo kuandikwa katika daftari hilo. Mtu aandikaye fedha zilizoingia akasahau zilizotoka, daftari lake litamsifu hali mfuko wake unamlilia. Katika insha hii natuifungue hesabu moja kubwa ya historia yetu, ili tujifunze namna ya kupima faida.

Kwanza tushike kanuni. Mtaji ni mali itolewayo leo kwa tumaini la kupata zaidi kesho. Kijana akitoa shilingi 10,000 kununua vifaranga, chakula na dawa, kisha akawauza kuku wote kwa shilingi 11,500, faida yake ni shilingi 1,500. Faida hiyo ikigawanywa kwa mtaji na jawabu likazidishwa kwa 100, tutapata 15. Maana yake ni kuwa kila shilingi 100 imezaa shilingi 15. Lakini hesabu haijaisha. Ikiwa faida ilipatikana kwa mwaka mmoja, ni njema. Ikiwa ilichukua miaka mitatu, kila mwaka ulileta shilingi 5 tu kwa 100, na huenda bei ya unga ilipanda kuliko hapo. Tena kuku wangaliweza kufa wote kwa kideri. Basi kiasi, muda na hatari ni mambo matatu yasiyotengana. Liko na la nne, nalo tutalikuta njiani.

Mwaka 1888 William Mackinnon, tajiri wa meli kutoka Scotland, pamoja na wenzake walipewa hati na Malkia wa Uingereza kuendesha kampuni ya kufanya biashara na kutawala katika Afrika ya Mashariki. Watu walinunua hisa, yaani kila mmoja alitoa sehemu ya mtaji ili apate sehemu ya faida, ambayo huitwa gawio. Walitazama ramani wakaona nchi pana, hawakutazama njia. Siku zile mizigo ilichukuliwa na watu. Mchukuzi mmoja alibeba frasila mbili hivi, na safari ya Mombasa hadi Uganda ilichukua kadiri ya miezi mitatu. Posho na ujira wa wachukuzi vilikula thamani ya mzigo kabla haujafika pwani. Ni bidhaa chache tu, kama pembe za ndovu, zilizoweza kustahimili gharama hizo. Mwaka 1895 kampuni ilisalimisha hati yake kwa malipo ya pauni 250,000. Wenye hisa hawakuwahi kuonja gawio. Na katika fedha hizo za malipo, pauni 200,000 zilitoka katika mali ya Zanzibar. Hapa ndipo swali la nne linapochomoza: ni nani alipaye?

Serikali ya Uingereza ilipoichukua nchi, iliamua kujenga reli kutoka Mombasa hadi Ziwa Viktoria. Haikutafuta faida ya biashara peke yake. Ilitaka pia kuishika Uganda na chimbuko la mto Nile. Kazi ilianza mwaka 1896. Bunge lilikuwa limekadiria pauni milioni 3, lakini gharama zilifika kama pauni milioni 5 na nusu, fedha za walipa kodi wa Uingereza. Vibarua wapatao 32,000 waliletwa kutoka Bara Hindi, na karibu 2,500 kati yao walikufa kwa maradhi, ajali na simba wa Tsavo. Desemba 1901 reli ilifika Kisumu, mwendo wa maili 580 hivi.

Reli ilikuwapo, shehena hakuna. Gari la moshi hula kuni na mishahara, liwe limejaa au ni tupu. Wakubwa wa serikali, hasa Sir Charles Eliot, waliona kuwa dawa ni kuleta walowezi wa Kizungu walime mazao ya kusafirisha. Lakini ardhi ile haikuwa bila wenyewe. Mwaka 1904 Wamaasai walihamishwa kutoka malisho yao ya Bonde la Ufa. Wanandi, waliopinga njia ile kupita kwao, walipigwa vita, na kiongozi wao Koitalel arap Samoei akauawa mwaka 1905. Kodi ya nyumba, iliyoanza kutozwa miaka hiyohiyo, iliwasukuma wanaume wengi kwenda kutafuta ujira katika mashamba ya wageni.

Haki inatutaka tuseme pia kuwa reli ilileta mema. Iliwatua wachukuzi mizigo yao, ikapunguza gharama ya safari, na Nairobi, iliyofikiwa na reli mwaka 1899, ikakua kutoka kambi hadi mji mkuu. Baada ya miaka michache mapato ya kuendesha reli yalianza kuzidi matumizi yake, na karani wa reli aliweza kuandika neno faida. Lakini malisho ya Mmaasai hayakuwamo katika safu ya gharama, wala damu ya Mnandi, wala makaburi ya vibarua. Hao wote walitoa mtaji mkubwa, ila majina yao hayakuandikwa katika orodha ya wenye hisa.

Mwaka 2017 gari moshi la reli mpya lilianza safari kati ya Mombasa na Nairobi. Reli hiyo iligharimu zaidi ya shilingi bilioni 300, na sehemu kubwa ya fedha ilikuwa mkopo kutoka China. Wewe msomaji, ambaye kodi yako ya kesho itasaidia kuulipa mkopo, una haki ya kuuliza maswali yaleyale: umetolewa mtaji kiasi gani, utarudi kwa muda gani, hatari yake ni ipi, na ni nani alipaye?

Uyaulize pia siku utakapoalikwa kununua hisa, au kutia akiba yako katika chama. Na ukialikwa kushiriki faida nono isiyo na gharama, usifurahi upesi. Gharama ipo, imeandikwa katika daftari la mtu mwingine, na huenda mtu huyo hakuulizwa.