Jaribio la Sinema Kule Vugiri

Mwaka 1935, kule Vugiri katika milima ya Usambara, Tanganyika, lilianza jaribio la kuwafundisha Waafrika kwa sinema, lililojulikana kwa herufi BEKE. Sehemu kubwa ya gharama ilitolewa na shirika la Carnegie la Marekani. Msimamizi wa upigaji picha alikuwa Meja L. A. Notcutt.

Picha mojawapo ilihusu vibarua wawili. Mmoja alizika mshahara wake ardhini, ukaibwa. Mwenzake aliweka wake katika benki ya posta, ukasalimika. Waigizaji walikuwa Waafrika, na maneno yalitiwa katika santuri. Kisha picha zilisafirishwa kwa lori na kuonyeshwa Tanganyika, Kenya, Uganda na kwingineko.

Hata hivyo, fundisho liliamuliwa na wageni. Je, vibarua wangalipewa kamera, wangalionyesha benki, au udogo wa mshahara?

Mwaka 2017 ilitoka picha ya ukame na mafuriko ya Kitui. Humo mkulima Kisilu Musya alishika kamera mwenyewe, akishirikiana na Julia Dahr wa Norway.

Basi, msomaji wa Kitale au Bungoma, uonapo mkulima wa mahindi katika sinema, uliza: nani ameshika kamera, na nani ameamua la kusemwa?