Colchester: mji wa Uingereza uliochomwa, ukafungiwa na njaa, na bado uko

Ukiuliza watu ni mji gani wa kale zaidi kule Uingereza, wengi watajibu London. Lakini kuko mji mwingine, mdogo kwa London, ambao ulikuwa na wafalme na pesa zake wakati London haijakuwa kitu. Jina lake ni Colchester. Uko katika jimbo la Essex, upande wa mashariki, kilomita karibu 80 toka London, juu ya kilima kinachopakana na mto Colne. Mara nyingi unaitwa mji wa kale zaidi wa Uingereza ambao jina lake limeandikwa: mwandishi Mroma Pliny aliutaja katika kitabu chake mwaka wa 77 baada ya Kristo.

Historia yake ni ya karibu miaka 2,000, na sehemu kubwa ni ya vita. Tunaieleza hapa juu inaonyesha vile mji unaweza kupigwa mara nyingi, na vile kila mara mzigo ulibebwa na wakaaji, hata kama ugomvi haukuwa wao.

Kabla ya Waroma

Jina la kwanza lilikuwa Camulodunon, maana yake ngome ya Camulos, mungu wa vita wa makabila ya wakati ule. Haukuwa mji wenye barabara na nyumba za kupangana. Ilikuwa eneo kubwa la mashamba, mifugo na nyumba za udongo, lililozungushwa na mitaro mirefu na kuta za udongo ambazo sehemu zake zinaonekana hata leo. Mfalme aliyejulikana sana pale alikuwa Cunobelin. Alitengeneza pesa za dhahabu zenye picha ya suke la nafaka na herufi za kwanza za jina la mji wake. Alifanya biashara na Waroma, akanunua divai yao, na akaishi nao kwa amani muda mrefu.

Kisha kifo chake mambo yaligeuka. Mwaka wa 43 kaisari Claudius alituma jeshi kuvuka bahari. Camulodunon ndiyo ilikuwa shabaha. Claudius mwenyewe alikuja mwishoni kuchukua sifa, na mwandishi Cassius Dio anasema kulikuwa hata tembo katika vifaa vya vita hivyo. Kaisari alikaa Uingereza siku 16 tu, akapokea wafalme waliojisalimisha, halafu akarudi Roma kufanya sherehe.

Waliobaki ni askari. Walijenga kambi kubwa juu ya kilima. Jiwe la kaburi la mmoja wao, Longinus, lilipatikana mwaka wa 1928: alitoka kipande ambacho leo ni Bulgaria, akatumika jeshini miaka 15, akafa akiwa na miaka 40. Uso wake kwenye jiwe ulikuwa umevunjika, na watu wakasema ni waasi walioupiga kwa hasira. Maelezo yalikuwa mazuri, yakaingia katika vitabu. Lakini mwaka wa 1996 wachimbaji wakarudi pale pale na kuukuta ule uso ndani ya udongo. Inaonekana ulivunjika siku ya kuchimbwa, na waasi hawakuugusa.

Mashamba yaliyochukuliwa

Mwaka wa 49 kambi ikageuzwa mji wa askari wastaafu. Kila mmoja alipewa nyumba na shamba. Na shamba lilitoka wapi? Kwa wenyeji, kabila la Trinovantes. Tacitus, Mroma mwenyewe, anaandika bila kuficha kwamba wale wastaafu waliwafukuza watu katika nyumba na mashamba yao na kuwaita watumwa, na askari waliokuwa bado kazini waliwaunga mkono wakitumaini kupata nafasi ileile kesho. Juu yake wakajenga hekalu kubwa la Claudius, na wenyeji wakalazimishwa kulipa gharama za ibada yake.

Kaskazini kidogo, katika kabila la Iceni, mfalme Prasutagus alikufa. Alikuwa ameandika kwamba mali yake igawanywe kati ya kaisari na binti zake wawili. Waroma hawakujali. Walichukua vyote, mjane wake Boudica akapigwa fimbo, na binti zake wakabakwa. Boudica akasimama, Trinovantes wakaungana naye, na mwaka wa 60 au 61 wakateremka juu ya Colchester.

Mji haukuwa na ukuta. Kuta za ile kambi ya zamani zilikuwa zimebomolewa ili kupanua mji. Wakaaji waliomba msaada London, na mkubwa wa fedha za Waroma, Catus Decianus, akawatumia watu 200 tu, bila silaha za kutosha. Mji wote ulichomwa. Waliobaki wakajifungia ndani ya hekalu, wakashikilia siku mbili, kisha likaanguka nalo. Kikosi kilichokuja kuwaokoa kilivamiwa njiani, askari wake wa miguu wakamalizwa.

Waasi waliendelea mpaka London na mji ambao leo unaitwa St Albans. Tacitus anahesabu wafu 70,000 katika miji hiyo mitatu, hesabu ambayo wanahistoria wengi wanaona imepandishwa. Boudica alishindwa baadaye katika vita vikubwa na akafa. Waroma wakalipiza kisasi kwa moto na upanga katika makabila.

Mpaka leo, ukichimba katikati ya Colchester, unafika kwenye tabaka la udongo mwekundu na mweusi ulioungua. Ni mji wa Boudica, vile ulivyolala. Ndani yake wamekuta tende, tini na ngano zilizogeuka makaa, chakula ambacho hakuna mtu alikula. Mwaka wa 2014, chini ya duka moja kubwa la barabara kuu, wachimbaji walikuta mapambo ya mwanamke: bangili, pete na herini za dhahabu, vimefichwa ndani ya shimo dogo la sakafu. Mwenyewe aliyaficha haraka akiamini atarudi kuyachukua. Hakurudi.

Ukuta ulijengwa kisha hapo. Ni ukuta wa mji wa kale kuliko yote iliyojengwa na Waroma Uingereza, una urefu wa karibu kilomita 2.8, na sehemu kubwa bado imesimama. Lango lake la magharibi, Balkerne, ndilo lango kubwa la Kiroma lililobaki katika nchi yote. Lakini Colchester haikurudi kuwa mji wa kwanza. Serikali ilihamia London.

Ngome juu ya hekalu

Waroma waliondoka mwanzo wa karne ya 5. Wasaksoni wakaingia, kisha Wadenmaki, na mwaka wa 917 mfalme Edward alichukua tena mji na kutengeneza kuta zake. Hapo hatutakawia.

Baada ya Wanormandi kuvuka kutoka Ufaransa mwaka wa 1066, mfalme William aliagiza ngome ijengwe Colchester. Kazi ilianza karibu mwaka wa 1076. Mafundi walikuta msingi mnene umezikwa, wakaona ni bure kuchimba mwingine, wakajenga juu yake. Msingi huo ulikuwa wa hekalu la Claudius, lile ambalo wakaaji walifia ndani. Matofali nayo waliyaokota katika magofu ya Waroma. Jengo lenyewe ni la mita karibu 46 kwa 34, ngome kubwa zaidi ya aina yake kuliko zote ambazo Wanormandi walijenga.

Zaidi ya kupigania vita, ngome hiyo ilitumika kama gereza. Mwaka wa 1645 wanawake walioshitakiwa uchawi walifungwa humo, wakahojiwa na Matthew Hopkins, mtu aliyejipa kazi ya kuwinda wachawi. Wengine walikufa gerezani kwa ugonjwa kabla ya kufika mbele ya hakimu.

Waflamand na nguo zao

Mji uliishi kwa kufuma nguo za manyoya ya kondoo. Karne ya 16 biashara ilikuwa imelala. Ndipo, kuanzia miaka ya 1560, wakaja wakimbizi: Waflamand, watu wa kipande ambacho leo ni Ubelgiji na majirani zake, wakikimbia mateso ya dini chini ya mfalme wa Uhispania. Viongozi wa mji waliomba serikali ruhusa ya kuwapokea. Katika miaka 20 walizidi 1,000.

Walileta ufundi wa kitambaa kipya, chepesi, na pia ukali wa kukikagua. Kila kipande kilipita katika nyumba yao ya ukaguzi, na kikikosa ubora kilikataliwa. Muhuri wa Colchester ukaaminiwa mbali katika soko za Ulaya. Wenyeji hawakufurahi wote. Wengine walilalamika kwamba wageni wanachukua kazi yao, lakini wakati huohuo mji mzima ulikula juu ya hicho kitambaa. Mtaa waliokaa bado unaitwa mtaa wa Wadachi, na nyumba zake za mbao ni kati ya nzuri zaidi za mji.

Wiki kumi na moja za mwaka wa 1648

Katika vita vya wenyewe kwa wenyewe kati ya mfalme Charles I na bunge, wakaaji wa Colchester walikuwa upande wa bunge. Hii ni muhimu kushika. Juni 1648 jeshi la upande wa mfalme, likifukuzwa, liliingia mjini likitafuta watu na kupumzika. Mmoja wa wakubwa wake, Charles Lucas, alikuwa mtoto wa pale pale: nyumba ya familia yake ilikuwa nje kidogo ya ukuta, na mwaka wa 1642 watu wa mji waliivamia na kuipora. Nyuma yao akafika jenerali wa bunge, Thomas Fairfax. Alijaribu kuingia kwa nguvu, akashindwa, akaamua kuuzunguka mji na kungojea njaa.

Basi wakaaji wakafungiwa pamoja na jeshi wasilolipenda, na jeshi walilolipenda ndilo likawafungia. Mvua ilinyesha majira yote. Nyumba za pembeni zilichomwa. Kwanza waliisha farasi, kisha mbwa na paka, mwisho watu wakala hata sabuni na mishumaa. Wanawake na watoto wenye njaa walitoka nje ya lango kuomba wapite. Askari wa Fairfax wakawarudisha: kila mdomo ulioachwa ndani ulipunguza siku za adui. Ndani nako, wakubwa wa jeshi la mfalme hawakutaka kujisalimisha, wakitumaini msaada kutoka kaskazini. Ilipofika habari kwamba jeshi hilo la kaskazini lilipigwa huko Preston, matumaini yakaisha.

Mwisho wa Agosti waliweka silaha chini. Jioni ya tarehe 28 Lucas na mwenzake George Lisle walipigwa risasi nyuma ya ngome. Fairfax alisema Lucas alikuwa amevunja ahadi ya kutopigana tena. Upande wa mfalme ukawaita mashahidi. Mabishano hayo hayajaisha mpaka sasa. Kile hakibishaniwi ni hesabu ya kulipa: mji ulitozwa amande ya zaidi ya pauni 10,000, na Waflamand walibeba sehemu kubwa. Kwa hiyo mji uliounga mkono bunge ulilipishwa na bunge.

Kwenye nyumba moja ya zamani ya upande wa mashariki matundu ya risasi yamezungushwa rangi nyekundu, ili mpita njia asiyakose.

Tauni

Miaka 17 tu ilipita. Mwaka wa 1665 tauni, ambayo kwetu wengine wanaita pesti na ambayo watu wa Ituri wanaijua hata sasa, iliingia Colchester na kukaa mpaka mwisho wa 1666. Tunajua siku hizi kwamba inaletwa na viroboto vya panya na kwamba dawa ziko, mgonjwa akifika mapema. Wakati ule hawakuwa na moja wala nyingine. Walikufa karibu watu 5,000, kama nusu ya mji. Tukilinganisha na idadi ya wakaaji, hakuna mji mkubwa wa Uingereza uliopigwa hivyo katika miaka ile, hata London.

Ngome nayo ilikaribia kupotea. Mwaka wa 1683 mfanyabiashara wa vyuma, John Wheeley, aliinunua ili abomoe auze mawe. Alitoa sehemu ya juu, lakini kuta za chini zilikuwa nene mno, faida haikuonekana, akaacha. Baadaye Charles Gray, mwanasheria na mbunge, aliitengeneza, na leo ni jumba la makumbusho ya mji.

Biashara ya nguo ilikufa pole pole. Nafasi yake ilichukuliwa na jeshi, ambalo liko na kambi ya kudumu pale tangu karne ya 19, na viwanda vya mashine. Asubuhi ya tarehe 22 Aprili 1884 ardhi ilitetemeka, jambo ambalo ni nadra sana Uingereza, ikaharibu nyumba zaidi ya 1,000 mjini na vijijini. Miaka ya 1960 chuo kikuu cha Essex kikafunguliwa pembeni.

Kwa karne zote hizo Colchester haikuwa na cheo rasmi cha jiji, ambacho kule hutolewa na mfalme au malkia. Ilikipata mwaka wa 2022, malkia Elizabeth II alipotimiza miaka 70 ya utawala. Karibu na lango la Balkerne, juu ya magofu ya Waroma, kuna baa. Jina lake kwa Kiswahili ni Tundu Ukutani, na jioni watu wanakaa pale na bia yao.